Padri Aliyegusa Mpira

Itigi, jioni ya kuamkia safari yako

Binti yangu mpendwa Damari,

Shuleni tulifundishwa kuianza barua kwa kumwuliza mwenzio hali. Niwie radhi nikiiruka desturi hiyo, kwa kuwa hali yako naijua. Uko upande wa pili wa ukuta huu, unafunga begi, na zipu inakukatalia. Ni jambo la ajabu mtu kumwandikia mwenziwe aliye karibu kiasi cha kumsikia akikohoa. Lakini nimejipima, nikaona kwamba nikija huko nitauliza maswali, na maswali yangu unayajua. Karatasi ina fadhila moja: haiwezi kukukazia macho wakati ikingoja jibu.

Sitakuandikia habari za chandarua, wala maji ya kuchemsha, wala kukaa mbali na dirisha treni inapopunguza mwendo. Hayo marehemu mama yako alikwisha kukufundisha. Nakuandikia juu ya Jumapili.

Desturi ya kanisa letu ni kwamba kijana anayekwenda kusomea uchungaji haondoki mpaka mzazi aulizwe mbele ya waumini, aweke mkono juu ya kichwa cha mwanawe, na kusema kwamba ameridhia. Ni neno moja. Nimeona wazee wasiojua kusoma wakilitamka bila kusita. Mchungaji aliniuliza kwa sauti ya upole, "Mzee Yeremia, umeridhia?" Nawe ulikuwa umepiga magoti pale sakafuni, umeinamisha kichwa, unangoja mkono wangu. Nami niliyefundishwa adabu kabla ya kufundishwa hesabu nikajibu, "Naomba nipewe muda." Nilisikia mabenchi yakilia kanisa zima. Mama mmoja wa kwaya akasema kwa sauti aliyodhani ni ya chini, "Muda wa nini tena? Kwani anauza ng'ombe?" Ukainuka, ukapangusa magoti, ukarudi mahali pako ukitabasamu. Tabasamu lile ni la mama yako, lile la kumfunika mtu aibu yake.

Kesho asubuhi, kabla ya treni, wazee wa kanisa watakuja hapa nyumbani kuniuliza mara ya pili. Umekwisha kuniambia, kwa heshima zote, kwamba utaondoka hata nikikataa, ila hutaniomba tena. Sikukasirika. Wewe ni mtu mzima. Lakini nadhani ni haki yako, kabla hawajafika, kujua kilichonifunga mdomo.

Unajua kazi iliyotulisha. Sidhani kama unajua ilivyonitengeneza. Miaka yote niliyokagua tiketi kati ya Dodoma na Tabora nilijifunza kwamba asiye na tiketi hakimbii. Anakusalimia. "Shikamoo mkaguzi, habari za nyumbani, watoto hawajambo?" Mwenye tiketi hana haja na watoto wako, anataka kulala. Nilijifunza kwamba mama anayeimba tenzi kwa sauti kubwa kuliko wenzake huenda ana ndoo ya asali chini ya kiti ambayo hakuilipia mzigo. Nilijifunza pia kwamba mtu akiungama dogo bila kuulizwa, "Samahani mzee, nimepitiliza kituo," kuna kubwa amelikalia. Na mara nyingi nilikuwa sahihi, mwanangu. Hilo ndilo lililoniharibu. Anayeshuku akakosea huona haya akaacha. Anayeshuku akapatia hupandishwa cheo.

Hata hivyo nisiisingizie reli. Tabia hii niliianza nikiwa bado navaa kaptula, kwa sababu ya Padri Mrefu.

Wewe umeliona kaburi lake tu, lile la mawe yaliyopakwa chokaa nyuma ya kanisa la zamani la misheni. Sisi wa shule ya misheni tulilelewa na hadithi yake. Alikufa kabla sijazaliwa, lakini gongo lake la kriketi lilining'inia katika bwalo la chakula, juu kabisa, mahali ambapo hata mvulana aliyepanda juu ya meza hakulifikia. Kila mwaka, siku ya kumkumbuka, mwalimu mkuu alitusimulia maisha yake kwa maneno yaleyale. Alizaliwa Uingereza, wakati wa malkia yule mzee. Akasoma katika chuo kikuu kikubwa. Huko akawa mpigaji hodari wa kriketi, mrefu kupita wote, na watu walisafiri kutoka mbali kumtazama akipiga. Walimbeba mabegani. Kisha, katika kilele cha sifa zake, alisikia mwito, akaweka gongo chini, akawa padri, akapanda meli, na mwishowe akafika huku kwetu kwenye vichaka hivi visivyopitika, ambako maji yalichotwa kwa kuamka alfajiri. Alikaa mpaka mvi zikamjaa. Vita vya kwanza Wajerumani walimshika kwa kuwa ni Mwingereza. Walipomwachilia watu walidhani ataenda kwao. Akarudi kwetu, kwa miguu.

Mwalimu mkuu alipofika hapo alitoa leso akajipangusa. Sisi wavulana tulitazamana. Hatukuamini. Mtu abebwe mabegani na watu, ashibe, asifiwe, halafu aje kula uwele na mlenda katika nchi ya mbung'o? Huyo alikimbia kitu. Mmoja wetu alisema aliua mtu kwa mpira. Mwingine alisema ni mwanamke. Mimi, mtoto mwenye adabu, niliamua kuchunguza.

Likizo ilipofika nilikwenda kwa bibi yangu mzaa baba. Yeye alikuwa miongoni mwa wasichana wa kwanza kubatizwa kwa mkono wa Padri. Mimi nilikuwa mjukuu wake wa kwanza wa kiume, basi kwa utani wetu nilikuwa mume wake, na alinisumbua kama mume mvivu. Nilimkuta uani akipepeta uwele.

"Mume wangu, umeniletea nini kutoka huko, au umekuja na tumbo tu?"

"Nimekuletea swali, bibi."

"Swali haliingii chunguni. Haya, lete."

"Padri Mrefu alikimbia nini kwao?"

Alicheka mpaka akaweka ungo chini. "Kumbe hawajawaambia! Shule yote hiyo, na hawajawaambia! Si alitusimulia mwenyewe kanisani? Aligusa mpira."

Nisamehe nikieleza kriketi, mchezo wako, kama ninavyouelewa mimi, nawe utanisahihisha. Mpira ukigusa gongo la mpigaji hata kidogo, kisha ukadakwa nyuma yake kabla haujafika ardhini, mpigaji amekwisha, na inampasa kuondoka uwanjani. Lakini mguso wenyewe unaweza kuwa mdogo kiasi kwamba anayeujua ni yeye peke yake, kwa kuusikia mkononi. Mwamuzi asipoona, anaweza kubaki. Padri alibaki. Katika mchezo mkubwa kuliko yote ya chuo chake aligusa, akadakwa, mwamuzi hakuona, naye akasimama palepale na uso wa mtu asiye na habari. Akaendelea kupiga. Chuo chake kikashinda. Ndipo walipombeba mabegani. Yule aliyemrushia mpira alikuwa ameona. Alimtazama tu. Na Padri hakuweza kulisahau lile jicho.

Haya yote aliyasema madhabahuni, Kigogo chake kikiwa bado kibichi. Alikuwa akiwafundisha watu kuungama, akaona si haki awaambie wenziwe wafungue vifua na yeye amefunga chake. Sasa msikilize bibi, kama alivyoniambia.

"Alipomaliza hatukuelewa. Tunatazamana. Mzee mmoja akasimama. Akamwuliza, 'Baba, huo mpira ulikuwa wa nani?' Akajibu, wa mchezo. 'Ulikuwa umewekwa kwa maiti?' Hapana. 'Ni wa mfiwa?' Hapana. 'Sasa kwa nini umeugusa ukaugua miaka yote, mpaka umemkimbia mama yako?' Padri anaanza kueleza sheria za mchezo. Sisi tukaelewa. Kumbe kwa Wazungu kuna mpira wa mwiko. Maskini, ameugusa, na kwao hakuna hata mmoja aliyemtakasa. Ndiyo maana amekonda vile."

Wazee walikaa baraza alasiri ile. Kwetu, mtu aliyegusa kitu cha mwiko hajisafishi mwenyewe. Husafishwa na wale anaokaa nao. Huletwa kondoo, akachinjwa, wakala pamoja, na baada ya hapo neno lile halitajwi tena na mtu yeyote. Asubuhi wakamfungia kondoo kamba, wakaenda kumbishia Padri hodi.

"Sisi wasichana tulijificha nyuma ya kichuguu," bibi alisema. "Tulijua atawafukuza. Mtu aliyekwisha kuhubiri tuache matambiko mpaka sauti ikamkauka! Akatoka. Akamtazama kondoo. Akawatazama wazee. Akauliza, 'Nikikubali, itakuwaje?' Yule mzee akamwambia, 'Utakula na sisi, halafu hakuna atakayekuuliza tena.' Alisimama hapo mlangoni, mume wangu, mpaka kondoo akachoka akalala chini. Halafu na yeye akakaa. Mchangani, na ile suruali yake nyeupe. Akala paja zima! Mtu aliyekonda vile!"

Nilikuwa nimekwisha kusimama, nikiwa na haraka ya kupeleka habari shuleni. Bibi akanishika kaptula.

"Ngoja, wewe mwenye mbio. Usiende kusema kosa ndilo lililomkalisha hapa. Kosa lilimleta tu. Wenye makosa wangapi wamepita njia hii wakaenda zao? Huyu alikaa kwa sababu ya wale waliomletea kondoo."

Nilirudi shuleni nikasimulia nusu ya kwanza. Nusu ya pili sikuipeleka, kwa sababu haikunifaa. Wenzangu walifurahi sana, nami nikawa mtu wa kuheshimika bwaloni. Tangu siku ile nimekuwa na msemo wangu ambao sikuwahi kumwambia mtu: kila anayekwenda kwa Mungu kwa mbio, mtafute kinachomfukuza. Nimeutumia kwa wachungaji, kwa masista, kwa wainjilisti, na Mungu anisamehe, niliutumia kwa mama yako alipoanza kwenda kwenye maombi ya asubuhi.

Naweza kukuonyesha nilivyoutumia kwako.

Ulipokuwa sekondari Singida mjini, ulinipigia simu kwa furaha kwamba rafiki yako Zarina amekufundisha kriketi, ule mchezo wa Kihindi, uani nyuma ya duka la vitambaa la baba yake, na kreti za soda ndizo vijiti vyenu vya kulenga mpira. Nilisema, "Vizuri, mwanangu." Kesho yake nilipanda gari kwenda kuona wanataka nini kwako. Nilidhani wanakutafuta uwafanyie kazi za ndani. Nilisimama dukani nikagusagusa vitambaa ambavyo sikuwa na nia ya kununua, mpaka mama yake Zarina akanijia.

"Wewe ndiye baba Damari," akasema. "Mnafanana macho. Kaa mzee, chai inakuja. Mwanao amenivunjia kioo cha pili sasa, na wewe umekuja mikono mitupu? Baba mwingine angeleta hata maandazi."

Nikanywa chai. Nikashukuru. Nikaondoka nikijiuliza mtu anayevunjiwa vioo akacheka anaficha nini.

Kisha ikaja siku ya Dodoma, ulipokuwa chuo kikuu, katika mchezo wa kumaliza mashindano. Mama yako alikuwa bado na nguvu. Tulikaa chini ya turubai pamoja na mama Zarina, aliyekuwa amebeba sambusa za kulisha kijiji. Ulikuwa umepiga vizuri tangu mchana, na watu walilijua jina lako. Zilibaki mbio chache tu mshinde. Ukarushiwa mpira, ukapita, ukadakwa nyuma yako. Mimi sikuona kitu. Mwamuzi hakuona kitu. Hata wapinzani walikuwa hawajaamua kama wapige kelele. Wewe ukatia gongo kwapani, ukaanza kutembea kuja kwetu.

"Anakwenda wapi huyu?" mama Zarina akaruka na sambusa yake. "Damari! Rudi! Hakuna aliyeona!" Halafu akajiziba mdomo, akaketi, akatazama chini.

Mkashindwa. Wenzako wengine walilia, mmoja alikutupia maneno niliyoyasikia. Sasa nakuomba ufikiri. Chini ya turubai lile, mtu pekee aliyekuwa na hadithi ya Padri kifuani ni mimi. Nilipaswa kusimama. Nilipaswa kusema, tazameni, huyu amefanya kile ambacho mtu mzima na padri alishindwa kukifanya, akakilipia maisha yake yote. Badala yake niliwaza: amenunuliwa.

Jioni ile, kwa mwenyeji wetu, ulipokwenda kuoga nilifungua begi lako. Nililifungua kwa ustadi, kama nilivyofungua mabegi ya watu maisha yangu yote, bila kuvuruga mikunjo. Nilikuta kanga, mafuta ya mgando, soksi chafu, na kipande cha mkate ulichokiuma ukakiacha. Nikaanza kupapasa bitana. Mama yako alikuwa amesimama mlangoni, sijui tangu lini.

"Yeremia," akasema, "huyu si abiria."

Wala hakukuambia. Najua hakukuambia, kwa sababu nimekuchungulia uso miaka yote hii nikitafuta dalili. Basi sasa nimekuambia mimi. Nakuomba radhi.

Baada ya kumzika mama yako ulikaa nami hapa. Ulinipikia, ukanisomea magazeti, ukanivumilia. Tukiwa mezani siku moja ukasema, "Baba, nataka kwenda kusomea uchungaji." Nikaacha kula. Nikauliza, kwa nini? Jibu lako nimelibeba mpaka leo. Ulisema, "Sijui kueleza, baba. Nikieleza vizuri utanikamata. Nikieleza vibaya utanikamata vilevile."

Ningekuwa mzazi mwenye busara ningeishia hapo. Nikaanza upelelezi. Nilimchunguza yule mwinjilisti kijana mwenye pikipiki, nikagundua ana mchumba Manyoni na hana habari nawe. Niliwauliza akina mama wanaouza mayai stesheni kama huwa unaonekana na mtu. Wakanijibu, "Huonekana na wewe, mzee." Mwisho nilimpigia simu Zarina.

"Shikamoo baba."

"Marahaba, mwanangu. Nilitaka kujua tu. Damari alikataliwa kwenye timu ya taifa?"

"Baba, unampeleleza mwanao?"

"Nauliza tu."

"Hakukataliwa. Walimwita. Alikataa mwenyewe. Alikuja hapa dukani akalia, akanieleza mambo yote, na mimi sikuelewa hata moja, nikampa juisi. Ungemwuliza yeye, baba."

Mtu mwingine angetulia kwa habari hizo. Mimi nilizidi kushuku. Walikuita, ukakataa! Hadithi ileile! Sifa mkononi, gongo chini, kisha mwito. Nikajiambia, kuna mpira aliougusa. Hivyo ndivyo nilivyokuja kanisani Jumapili. Ulipopiga magoti mbele yangu sikuona binti anayeomba mkono wa baba yake. Niliona mzigo ambao haujafunguliwa.

Sasa nikuambie la Jumatatu, kisha nitakuacha ulale.

Nilikwenda stesheni kuulizia treni yako. Kijana aliyepo zamu ananifahamu. "Mzee," akasema, "unakagua hata treni ambayo haijafika?" Nikacheka naye. Akaniambia injini moja ina matatizo, huenda safari ikaahirishwa. Damari, moyo wangu uliruka kwa furaha. Nilisimama kwenye jukwaa lile, mimi mtumishi wa reli, nikiomba injini iharibike. Nikatembea kurudi nyumbani polepole, nikajitazama kwa jicho lile nililowatazamia wengine. Mzee mpole. Mwenye adabu kupita kiasi. Anaomba radhi katika kila sentensi. Anauliza habari za kila mtu. Ningekuwa kazini, ningemwendea huyo wa kwanza kabisa katika behewa.

Hakuna unachokimbia ambacho kinanihusu. Mimi ndiye ninayekimbia nyumba hii ikiwa na sauti moja tu. Nilikuwa nikitafuta kosa kwenye mwito wako kwa sababu mwito wenye kosa ningeweza kuuzuia kwa haki, lakini mwito safi ningelazimika kuuacha uende, na nikabaki na viti vyangu.

Sitaki kukudanganya kwamba shuku imeniisha. Mtu hawezi kuvua ngozi siku moja. Bado nadhani kuna jambo. Huenda uligusa kitu, huenda hukugusa. Huenda ni mama yako, huenda ni siku ile Dodoma, huenda ni Mungu mwenyewe, ambaye sikuwahi kumwondoa kwenye orodha lakini siku zote nilimwandika wa mwisho. Vyovyote iwavyo, sitakuuliza tena. Nimeishi muda mrefu nikiwa na nusu ya kwanza ya maneno ya bibi. Niache nimalizie na hii nusu ya pili, ingawa nimechelewa.

Utakapokuwa mchungaji, watu watakujia wakiungama madogo huku wamekalia makubwa. Mimi ningewakamata. Nakuomba wewe uwangoje. Na wengine watakushuku wewe kwa kuwa ni mwanamke, na kwa kuwa ulikuwa mchezaji. Watakuchungulia uso kama nilivyokuchungulia mimi. Usiwachukie. Wengi wao hawajui kwamba wanaogopa kuachwa. Na siku utakapoanguka, maana utaanguka, huenda watu watakuja mlangoni na msaada ambao walimu wako wa chuo hawakuufundisha wala hawangeupenda. Kabla hujawarudisha, kaa chini kwanza. Hata kama umevaa nguo nyeupe.

Mama Zarina amepiga simu mchana huu. Anasema atakuletea kifurushi stesheni Dodoma kwa mkono wa mpwa wake, na kwamba mimi nimwachie mtoto aende, nisiwe kama mlango wa choo cha shule, ambao haufungi wala haufunguki. Nimemshukuru. Nadhani hakukusudia kunitukana. Nadhani alikusudia.

Zipu imekubali, nimeisikia. Umeketi kitandani. Nitaisukuma barua hii chini ya mlango wako kabla hujazima taa, ili usilale na swali.

Kesho, wazee wa kanisa watakapoingia, watanisalimu, watakaa, watazungumza habari za mvua na bei ya alizeti, kama ilivyo adabu. Kisha mkubwa wao atakohoa aanze kuuliza. Mwanangu, katika maisha yangu sijawahi kumkatiza mtu anayezungumza, hata mlevi ndani ya behewa. Kesho nitamkatiza. Usishangae, na usione haya kwa ajili yangu. Njoo tu upige magoti upesi, kwa kuwa nitakuwa nimekwisha kuunyosha mkono.

Ni mimi baba yako,
nikikuomba radhi kwa mara ya mwisho usiku huu,

Yeremia